Kiraka Akipasha

Mdogo wangu hakuwa nyota wa mpira, na anayekwambia alikuwa nyota anakutania mchana kweupe. Alikuwa mshambuliaji wa kuzibia pengo. Timu ikipungukiwa mtu wa mbele katikati ya msimu, ikatafuta huku na huku ikakosa, ndipo wanamkumbuka yeye. Ndiyo maana wakamwita Kiraka, na jina likamganda mpaka mimi, dada yake wa tumbo moja, nikawa namwita hivyo hivyo.

Amechezea timu ya manispaa, timu ya kiwanda cha sukari, timu ya magereza, timu ya tajiri mmoja wa mabasi aliyekuwa akibadilisha makocha kama anavyobadilisha matairi, na nyingine ambazo zimeshakufa. Kila alikokwenda alipewa jezi ya mtu mwingine. Mimi ni fundi cherehani, kwa hiyo jezi zote hizo zilipita mikononi mwangu. Nazibana mabegani, nashusha pindo, na mgongoni bado naona alama ya gundi ya jina la aliyemtangulia. Mabao yake yalikuwa ya goti, ya bega, na mara moja la kalio, nalo refa akalikubali. Nilimpenda kuliko ninavyoweza kusema, na nilimgombeza kila siku.

Mambo yenyewe yalianzia timu ya manispaa. Aliyekuwa akianza mbele ni kijana mtanashati waliyemwita Bwana Harusi, na mdogo wangu alikuwa wa benchi. Siku hiyo kocha akamwambia, "Inuka, pasha." Akavaa kizibao, akaanza kukimbia pembeni mwa uwanja ili misuli ipate moto, hadi kwenye kibendera cha kona na kurudi. Hajatoka hata jasho, Bwana Harusi akaanguka katikati ya uwanja. Hakuna aliyemgusa. Goti lilikuwa limegeukia upande. Wakambeba kwa machela, mdogo wangu akaingia, na baadaye akanipigia simu, meno yote nje.

"Na mwenzako je?" nikamuuliza.

"Dada, hiyo ni kazi. Mmoja akitoka, mwingine anaingia."

Mara ya kwanza unasema bahati mbaya. Timu ya kiwanda, kapasha, mtu kavunjika kifundo. Magereza, kapasha, mtu kashika nyonga, akalia kama mtoto mchanga. Wachezaji si wajinga. Kile chumba cha kubadilishia nguo cha timu ya magereza kilikuwa na misumari ukutani badala ya kabati, na harufu ya dawa ya kuchua ilikuwa inakaba koo. Basi watu wakawa hawatundiki nguo zao karibu na msumari wake. Kipa mmoja mcheshi akawa anapiga kelele kutoka golini, "We Kiraka, kaa chini! Una haraka ya nini?" Jukwaa lote linaangua kicheko. Mshambuliaji mwenyewe hacheki. Anageuka kutazama benchi kila mara, na mpira unampita.

Halafu kuna yule wa timu ya mabasi. Mtu mzima, mrefu, na ndevu zake. Kabla ya mechi akamfuata mdogo wangu chooni, akapiga magoti kwenye maji machafu. "Kaka, nina watoto wadogo," akamwambia. "Leo kaa tu. Nakuomba, kaa." Mdogo wangu aliponisimulia alikuwa ameketi kwenye stuli ya wateja, mikono kaibana katikati ya magoti, nami nikaacha kukanyaga cherehani.

"Ukakaa?"

"Nilikaa. Kocha akaja mwenyewe, akaniinua kwa ukosi."

Sikuuliza yaliyompata yule mwenye ndevu. Uso wa mdogo wangu ulitosha. Kisha akasema, "Usiseme nina wazimu, dada. Nikipasha, nasikia mtu anapasha nyuma yangu. Viatu vya njumu kabisa. Nikigeuka, hakuna mtu. Nikisimama, yeye anaendelea, ananipita, anaingia uwanjani. Hapo ndipo mtu anapoanguka."

Mwili ulinisisimka, na ilikuwa mchana, jua linachoma bati. Nikajitia ukali. "Acha upuuzi wako! Umelala na njaa wewe." Lakini chakula nilichompakulia hakikuliwa, si na yeye, si na mimi.

Tangu hapo akaacha kupasha. Akiambiwa inuka, anajibu kwamba yuko tayari, aingie hivyo hivyo, baridi. Sasa yeyote aliyecheza mpira atakwambia huko ni kujiua. Msuli baridi ukiuvuta ghafla unachanika kama kitambaa kilichochakaa, na wake ulichanika, nyuma ya paja, mguu huu kisha ule. Makocha wakamwita mvivu, wengine wakamwita mjeuri. Wakimwacha anafunga virago, anakwenda timu ndogo zaidi. Watu wanadhani alihamahama kwa kukosa uwezo. Thubutu! Alihamahama kwa sababu alikataa kukimbia pembeni mwa uwanja. Na muda wote huo aliokaa bila kupasha, hakuna aliyeanguka, hata mmoja. Wewe ungefurahi. Yeye hilo ndilo lililomtisha zaidi, maana sasa alikuwa na hakika.

Mwisho akarudi nyumbani, kwenye timu ya mji wetu. Wakampa namba tisa, aanze yeye, kwa kuwa mwingine aliyekuwepo ni mwanangu tu, ambaye ndiyo kwanza alikuwa ametoka timu ya vijana. Mwanangu akawekwa benchi, nyuma ya mjomba wake. Mtaa mzima ukafurahi, mjomba na mpwa timu moja. Nami nilifurahi, mpaka mdogo wangu alipoingia kibandani kwangu akafunga mlango.

"Dada, mtoto asipashe nikiwa uwanjani."

"Unaogopea mguu wako?"

"Mguu huu? Huu umeshakwisha, hicho kinachonifuata kiuchukue tu. Naogopa kisimhamie yeye." Akavuta pumzi. "Nilikwenda kumwona Bwana Harusi hospitali, zamani zile. Akaniambia na yeye alipata namba hivyo hivyo. Alipasha, mwenzake akaanguka. Kisha ikawa kila akipasha, mtu anaanguka, mpaka siku niliyopasha mimi, yeye akiwa uwanjani. Aliniambia, 'Sasa nasikia kimya, Kiraka. Pole sana.' Sikumwelewa. Nilidhani ni zile dawa za kutuliza maumivu."

Basi nikamweka mwanangu kitako, nikamweleza. Akanicheka. "Mama, na wewe! Mjomba kazeeka, anaona maruweruwe." Nikamfuata kocha, bwana mmoja mwenye filimbi shingoni hata akienda harusini. Akaniambia, "Mama, niachie timu yangu, nami nakuachia cherehani yako." Nikampa zake palepale, mbele ya wachezaji wake, akabaki anafuta miwani. Lakini maneno hayakunisaidia kitu. Timu ilikuwa yake.

Siku ya mechi nilikaa juu kabisa ya jukwaa, kwenye saruji yenye joto. Kipindi cha kwanza mdogo wangu alicheza kama mtu aliyerudishiwa miguu yake. Akafunga bao la bega, akaja mbele ya jukwaa, akaninyooshea kidole, nikalia machozi kwa furaha. Kipindi cha pili kocha akageukia benchi. Nikamwona mwanangu anavaa kizibao.

Nikasimama. "Kaa!" nikapiga kelele. "Kaa chini wewe, mtoto!"

Bwana mmoja nyuma yangu akasema, "Mama, tulia basi, unatuziba."

Mwanangu alikwenda mbio mpaka kwenye kibendera cha kona, akageuka kurudi. Katikati ya njia akatazama nyuma. Hapakuwa na mtu. Akakimbia tena, akatazama nyuma tena. Kisha akasimama na kusogea pembeni, kama unavyosogea mtu anapotaka kupita. Mimi mwenyewe nilimwona anasogea. Wapiga ngoma wa upande wa pili wakaacha kupiga, na hata leo ukiwauliza hawajui kwa nini waliacha.

Uwanjani, mdogo wangu aliuacha mpira uende. Aliupa mchezo kisogo, akatazama pembeni. Hakuwa anamtazama mwanangu. Macho yake yalikuwa yanafuata kitu kinachotoka pembeni, kinakuja kwake polepole. Akatanua mikono, akaweka bega mbele, vilevile alivyokuwa akiwazuia mabeki maisha yake yote. Alitaka kukirudisha kilikotoka, au kukizuia kisirudi kwa mtoto, sijui. Akaanguka. Hakuna aliyekuwa karibu naye. Ule mlio niliusikia mpaka kule juu.

Mwanangu akaingia, akafunga bao la ushindi, wakambeba juu juu. Mimi nilikuwa ndani ya gari la wagonjwa, kichwa cha mdogo wangu mapajani mwangu. Alikuwa ametulia ajabu. "Kimya, dada," akaniambia. "Sasa nasikia kimya." Nikaziba masikio kama mwendawazimu.

Mguu ule madaktari hawakuweza kuuokoa. Mwanangu alilia pembeni ya kitanda, akashika mkono wa mjomba wake, akaapa. "Sipashi tena, mjomba. Wakitaka waniache." Hakusema tena habari za maruweruwe. Nilipomuuliza alikuwa anatazama nini nyuma, akasema ni upepo, na hakunitazama usoni.

Kisha timu kubwa ya mbali ikamchukua, kwa lile bao moja. Mdogo wangu sasa anakaa nami kibandani, ananishonea vifungo na kunikosoa kazi. Kila timu ya mwanangu inapocheza, ugenini au nyumbani, mjomba anasubiri simu yake, na swali ni lile lile kabla hata hajauliza matokeo: "Muulize alikuwa amekaa?" Namuuliza. Kila mara alikuwa amekaa, na hakuchezeshwa. Mjomba anashusha pumzi, anarudi kwenye vifungo vyake.

Wiki iliyopita simu ikalia, nami nimejaza pini mdomoni.

"Mama! Nimecheza!" Alikuwa anahema. "Kipindi cha pili chote, mama, na nimefunga!"

Nikatema pini. Nikafurahi, kwa nini nisiseme? Ni mwanangu. Kisha nikauliza, "Na yule mnayemtegemea mbele?"

"Amebebwa. Goti."

Mdogo wangu alikuwa ameacha sindano hewani. "Muulize alikuwa amekaa," akasema.

"Ulikuwa umekaa, mwanangu?"

Akanyamaza. Katika kimya kile nikasikia njumu, zinakimbia kwenye saruji, zinakwenda na kurudi.

"Nani huyo yuko nyuma yako?" nikauliza.

"Nyuma yangu? Hakuna mtu, mama. Wenzangu wameshapanda basi." Sauti yake ikapungua. "Huku hawakuulizi kama unataka. Mama, hiyo ni kazi."

Nikakata simu. Mdogo wangu ananitazama. Usoni kakonda, nywele zimemtoka, na mguu mmoja wa suruali niliuziba mimi mwenyewe kwa mshono wa mkono.

"Anasemaje?"

"Alikuwa amekaa," nikamwambia. "Hakuinuka hata kidogo."

"Mungu mkubwa," akasema, akaegemea ukuta na kufumba macho. Nikakanyaga cherehani, nikashona kipande kisichohitaji kushonwa, ili asinisikie nikilia.