Uso wa Bi Mwanasha Ukutani

Siku yangu ya kwanza kazini nilipewa kalamu yenye ncha nyembamba, kidau cha wino mweusi na kipande cha kioo, nikaambiwa niandike jina langu kinyumenyume. Tajiri wangu alikuwa na studio ya picha Msambweni, na sote tulimwita Bwana Picha. Alikisogeza kile kipande mbele ya kioo cha kujitazamia, akasoma, akaniuliza nilifika darasa la ngapi. Nikamjibu la nne.

"Ndiyo maana," akasema. "Hukupata muda wa kuzoea kuandika mbele."

Nilikuwa nimekwisha kukata miwa, kuchunga mbuzi wa watu Kinango na kubeba mawe Diani, walikoanza kujenga mahoteli. Sikukaa popote zaidi ya miezi sita. Kwa Bwana Picha nilikaa, kwa sababu nilitaka kujua maneno yanaingiaje ndani ya picha.

Vijana wa leo hawaijui kazi hiyo. Miaka ile ya mwanzo ya uhuru, mtu akipiga picha ya kumpelekea jamaa aliye mbali hakutaka uso mtupu. Alitaka na neno la kumtia moyo: Subira. Mola yupo. Tutaonana. Sisi tuliliandika kwenye negativu, yaani ile filamu ambayo cheupe huonekana cheusi na cheusi huonekana cheupe. Ukiandika kwa wino upande uliopakwa dawa ya picha, herufi zikielekea kinyume, mwanga haupiti hapo, na ukisafisha picha neno hutokea jeupe chini ya uso wa mtu. Ukikosea, unafuta kwa pamba yenye maji na kuanza upya. Negativu husamehe. Karatasi haisamehe.

Nilimwona mzee mmoja wa kuheshimika akiibusu picha ya mwanawe kwa ajili ya neno moja tu lililoandikwa pale chini. Nikaamini kazi yetu ni dawa.

Mwaka wa tatu Bwana Afya wa wilaya, mtu wa bara mwenye soksi ndefu na Kiswahili cha haraka, aliniazima kwa Bwana Picha. Alitaka picha za faili katika kambi ya wagonjwa wa ukoma: uso, mgongo, mikono, kila mgonjwa na namba yake kifuani. Ndiko nilikokutana na Bi Mwanasha. Vidonge vilikuwa vimekwisha kuuzima ugonjwa wake, lakini vidole vilikuwa vimetangulia kwenda.

Nilipomaliza picha za faili, akabaki amesimama.

"Mwanangu, hizo ni za serikali. Sasa nipige yangu."

Akaizungusha leso mikononi hadi ikafunika yote. Nikamuuliza nipige kuanzia wapi.

"Piga uso. Uso haukuugua."

Wenzake wakacheka, na mmoja akamwambia apunguze madaha, asije akadhaniwa anatafuta mume. Naye akacheka, mwanya wa meno yake ya mbele ukaonekana, nikabonyeza.

Picha ilikuwa ya kumpelekea binti yake wa pekee, Mejumaa, aliyeolewa Samburu. Kwa wakwe zake Mejumaa alisema mama yake anaishi Tanga kwa kaka yake. Neno ukoma lingeivunja ndoa ile siku ambayo lingetajwa, kwa hivyo picha ilitakiwa kufika kwa mkono wa mtu wa siri. Neno alilichagua mwenyewe: Sijakata tamaa.

Nilipoitundika ikauke, Bwana Afya akasimama mbele yake. Alikuwa akitafuta picha ya bango, kwa kuwa wagonjwa walikuwa wakifichwa vibanda vya nyuma hadi viungo vikatike.

"Huyu ndiye," akasema. "Na mwandiko huu huu. Juu tutaongeza: Ukoma unatibika. Umemwuliza mwenyewe?"

Nikasema ndiyo.

Nilikuwa nimemwuliza habari ya picha, sikumwuliza habari ya ukuta, na tofauti hiyo niliijua. Lakini Bwana Afya alikuwa amekwisha kuniambia kuwa mwandiko wangu utakaa katika kila zahanati, kutoka Kibuyuni hadi Samburu. Mtu wa darasa la nne akisikia hivyo, masikio yake huziba kwa mengine. Na ile picha ya kumpelekea binti, ilipokauka niliitia mfukoni ikingoja mtu wa siri, na hadi bango linatoka ilikuwa bado haijapata wa kuipeleka.

Bango likatoka kiwandani, kubwa kama mlango wa dirisha. Kambini halikubandikwa. Kule hakukuwa na wa kuambiwa aje.

Haukupita muda mrefu barua ikaja. Bi Mwanasha hakujua kusoma, akanipa mimi nimsomee. Mejumaa alikuwa amempeleka mtoto sindano pamoja na mama mkwe wake. Yule bibi akatazama ukuta, akamtazama mkaza mwanawe, akauona mwanya ule ule. Barua ilimalizika hivi: "Mama, uso wako uko ukutani. Nimeachwa, watoto wamebaki kwa baba yao. Usinitafute."

"Ukutani wapi?" akauliza.

Nikamweleza.

"Nani aliyesema ndiyo?"

"Mimi."

Hakunilaani. Nilikuwa nikingoja anilaani. Akaivuta leso juu ya mikono yake, ingawa tulikuwa wawili tu, akasema, "Nenda kabandue."

Bwana Afya alinikatalia. Alisema watu wameanza kutoka vichakani wenyewe, na hataondoa bango kwa ajili ya ndoa ya mtu mmoja. Nikaacha kazi yake siku hiyo hiyo. Nilikwenda Samburu nikalibandua kwa kisu na maji, mganga msaidizi akinitukana. Nikabandua la Kibuyuni na mengine ya njiani. La mwisho lilikuwa Kikoneni.

Chini yake alikaa mwanamume mmoja, mguu umefungwa kitambaa, baka jeupe shavuni. Nilipopanda kwenye benchi akanishika suruali.

"Liache, ndugu yangu. Hapa nimefika mara mbili nikarudia mlangoni. Leo nimejiambia, yule mama anacheka. Ukilitoa, nitakaa hapa nikitazama nini?"

Nikashuka. Kisu nikakirudisha mfukoni.

Nilimrudia Bi Mwanasha nikamwambia yote, na bango moja lililobaki.

"Aliingia ndani, huyo mtu?"

"Aliingia. Nilimngoja hadi akaitwa."

"Basi yeye mwachie. Wangu keshaondoka."

Kisha akaifungua leso, akaniamuru nimpige tena, mikono mbele, nisiandike kitu. Alitaka Mejumaa amwone mama yake alivyo. Lakini barua haikuwa na anwani, na nilipouliza Samburu, na Mariakani, na hadi Mombasa, hapakuwa na aliyejua alikokwenda. Bi Mwanasha aliniuliza habari zake kila nilipopita, hadi akafa, akazikwa kambini.

Baadaye nilimfanyia kazi Bwana Kilimo, nikachora mihogo na mahindi yenye maneno ya kuhimiza. Mahindi hayana wakwe. Nilimalizia kwa kuandika vibao vya mahoteli Diani hadi macho yalipokataa, nikastaafu.

Siku hizi mjukuu wangu hunitumia kila asubuhi picha kwenye simu: nyuso za watu nisiowajua, na chini yake maneno ya faraja. Nami humshukuru. Sisemi maneno hayo ni bure, maana nilimwona mtu wa Kikoneni akiinuka kwenye benchi. Lakini mimi huutazama uso kwanza, kisha humuuliza mjukuu, "Mwenyewe anajua?" Naye hucheka, akidhani nimezeeka.

Negativu ile ya pili ninayo, mikono yote inaonekana. Kalamu ninayo, na wino haujakauka. Sijaandika kitu.