Saibatroniki si roboti wa sinema: niliiunda kwenye birika la msikiti, Mombasa, baada ya vita

Wakuu, asalaam aleikum, na kwa wasio wa salamu hiyo, hamjambo nyote.

Nimevuka themanini. Naandika kwa kidole kimoja, basi herufi zikiruka nivumilieni. Lakini maneno hayaruki. Haya niliyafanya kwa mikono yangu hii, na nikitia chumvi hata punje moja, nisifike mwisho wa uzi huu.

Juzi kijana mmoja aliuliza humu maana ya neno saibatroniki.

Majibu niliyoyaona, lahaula! Mmoja ati ni roboti wa sinema. Wa pili ati ni jina la duka la simu. Wa tatu kamwambia mwenzake "gugo", akaenda zake.

Haya, sikilizeni. Ni maneno mawili yaliyooana. Saibanetiki ni elimu ya vitu vinavyojiongoza, na asili yake ni neno la Kiyunani la mshika usukani. Elektroniki ni kazi ya umeme mdogo mdogo, zamani kwa vali, siku hizi kwa vichipu.

Kitu kikijiongoza bila elektroniki, siyo. Kikiwa na elektroniki lakini hakijiongozi, kama redio yako, pia siyo. Sharti yawemo yote mawili.

Mimi niliyajua haya kabla sijalisikia neno lenyewe, na aliyenifunza tofauti yake ni maji ya udhu. Kaeni kitako niwaambie.

Vita vya pili vya dunia vilikuwa vimeisha miaka miwili mitatu. Mimi kijana wa miaka ishirini na moja, fundi wa redio katika duka la Mhindi mmoja, tukimwita Kanjibhai. Nilikuwa fundi hasa, msidhani nilikuwa mfagizi. Redio ikiletwa bubu nairudisha ikisema.

Babangu, Mzee Mbwana, alikuwa mtunza maji wa msikiti mmoja wa Mji wa Kale, si mbali na Ngome. (Ngome wakati ule ilikuwa jela, hapakuwa na watalii wala wauza vinyago.) Kazi yake ni moja tu: birika la kutawadhia liwe limejaa, maji yawe safi.

Kazi hiyo ilikuja na chumba cha wakfu ubavuni mwa msikiti. Hapo ndipo tulipokaa, baba, mama na mimi. Ukitoka kwenye kazi, umetoka na kwenye chumba. Hilo lishikeni.

Zamani baba alivuta maji kisimani kwa ndoo. Kisha tajiri mmoja akatoa sadaka ya pampu ya umeme. Baba akapewa swichi: washa, ngoja birika lijae, zima.

Rahisi, sivyo? Basi birika likaanza kufurika.

Mara ya kwanza watu walicheka. Mara ya pili maji yalivuka uchochoro yakaingia kwa jirani yetu mpika halua, na magunia yake mawili ya sukari yakageuka sharubati. Mara ya tatu ikawa kinyume: watu wamekuja kwa adhuhuri, wanachota, kata inakwaruza sakafu. Birika kavu!

Nami nilikasirika na babangu, sitaficha. Nilidhani ni uvivu wa uzee.

Mpaka siku moja, mchana kweupe, nikapishana naye uchochoroni. Akaniangalia usoni, akasimama kando kwa adabu, akasema, "Asalaam aleikum, bwana. Pita."

Bwana! Mimi mwanawe wa kumzaa.

Nikamjibu. Aliposikia sauti yangu alishtuka, akanishika mkono kwa nguvu. "Usimwambie mtu," akasema. "Hata mamako."

Nilirudi dukani machozi yananitoka. Babangu alikuwa haoni. Alikuwa akiwasha pampu, akatia mkono birikani kupima, akakaa, akajisahau, kwa sababu jicho la kumkumbusha halikuwepo.

Wiki hiyohiyo Maalim Omari, imamu na mkubwa wa wazee wa msikiti, alimwita. Hakumtukana, alikuwa mtu wa haya sana. Alimwambia tu kwamba kuna mtu wa Majengo, kijana mwenye nguvu, amekwisha kuonekana. Maji yakiharibika tena, baba apumzike.

Kupumzika maana yake ni kuhama. Tuhamie wapi?

Nikajiapiza: ikiwa babangu hana macho ya kuangalia maji, maji yatajiangalia.

Mbaraki wakati ule palikuwa na mnada wa mabaki ya jeshi. Nikapata relei, yaani swichi inayovutwa na sumaku badala ya kidole, na betri kubwa ya gari. Nikachukua vijiti viwili vya shaba nikavining'iniza birikani. Maji yakigusa vijiti vyote viwili, umeme unapita kwenye maji, relei inavuta, pampu inazima. Maji yakishuka, umeme unakatika, pampu inawaka.

Siku ya kwanza ilipofanya kazi nilitamani kupiga vigelegele kama mwanamke! Birika linajaa lenyewe, linasimama lenyewe. Wazee wakaambiwa kuna "kifaa cha kumsaidia" baba, hawakuuliza zaidi. Nikatembea Mji wa Kale nimevimba kichwa.

Nilivimba siku tisa.

Siku ya kumi, baada ya alasiri, Maalim Omari aliteka maji kwa kata, akayaangalia juani. Akayanusa. Akayaonja kwa ncha ya ulimi, akatema.

"Maji haya yamegeuka," akasema.

Kweli. Yalikuwa na ukijani, na ladha ile unayoipata ukilamba kitasa. Umeme wangu wa betri ya gari ulikuwa ukila shaba mchana kutwa na kuimwaga majini.

Kwa wasiojua: maji yakibadilishwa hivyo rangi, ladha au harufu, udhu haushiki. Bila udhu hakuna sala. Maana yake nini? Maana yake watu wazima msikiti mzima hawakujua sala zao za siku ngapi zimesimama na ngapi zimeanguka. Kwa sababu yangu!

Birika likamwagwa, likasuguliwa. Watu wakaenda kutawadha misikiti mingine. Mimi nilitamani ardhi ipasuke.

Maalim akamwambia baba, "Ijumaa baada ya sala tutakaa, Mbwana." Basi. Na ilikuwa Jumapili.

Baba hakunilaumu. Alikaa kitandani akikunja kanzu zake vizuri, moja moja, kama mtu anayefunga safari. Hilo liliniuma kuliko kofi.

Jumatatu nikamweleza Kanjibhai kila kitu. Alinisikiliza huku anachoma waya, hakuinua kichwa.

"Kosa lako dogo," akasema. "Wewe unayatwika maji mzigo. Maji hayachukui mzigo. Wewe yaulize tu. Mzigo atachukua vali."

Wakuu, ningekuwa na uwezo ningeyaandika maneno hayo mlangoni mwa kila chuo cha ufundi.

Vali ni ile taa ya gilasi iliyokuwa ndani ya redio za zamani. Unaipa umeme mdogo kabisa, yenyewe inaamrisha umeme mkubwa. Nikiweka vali katikati, kinachopita kwenye maji kinakuwa kidogo mno, na vali ndiyo inayovuta relei. Na vijiti nisitumie shaba, nitumie makaa, vile vijiti vyeusi vya ndani ya betri za tochi. Makaa hayaoti kutu wala hayatoi rangi.

Hiyo ndiyo elektroniki, vijana. Kifaa changu cha kwanza kilijiongoza vizuri sana, lakini kilikuwa na umeme wa kibabe tu, na kikachafua maji.

Jumatano nikakifunga kipya. Nikachota kata moja kujaribu.

Ta-ta-ta-ta-ta! Relei ikatapatapa. Maji yakicheza kidogo tu, pampu inawaka, inazima, inawaka, inazima. Mota ikaanza kunuka moshi. Nikachomoa.

Je, Ijumaa, watu mia wakichota kwa pamoja? Ingeungua kabla ya hutuba.

Nilikwenda kukaa mlangoni mwa chumba chetu nimeshika tama. Mama alikuwa anaosha mtungi. Akaniuliza nina nini, nikamweleza kwa hasira, nikidhani haelewi.

Akanitazama. "Kwani mimi hukimbilia kisimani kila mtu akinywa kikombe? Mtungi hungoja ushuke hata tumboni, kisha hujaza hata shingoni."

Nikaruka nikambusu mkono!

Kijiti kimoja nikakishusha chini, kimoja nikakiacha juu, cha tatu mpaka sakafuni kumaliza mzunguko. Maji yakishuka chini ya kile cha tumboni, pampu inawaka, na haizimi mpaka yaguse kile cha shingoni. Katikati hapo yacheze yatakavyo.

Alhamisi nilichota, nikakoroga, nikapiga maji kwa mkono. Relei kimya. Maji yakashuka: ta! Pampu ikawaka. Yakapanda: ta! Ikazima. Baba alikuwa amesimama karibu, mkono wake umelalia sanduku nililofungia vali na relei. Alikaa hapo asubuhi nzima.

Ijumaa ikafika. Msikiti ukajaa mpaka barazani. Watu wakachota, wakatawadha, wakachota. Mimi nimesimama nyuma ya nguzo, nimeitegea relei sikio. Birika halikukauka kata ikakwaruza, wala halikufurika. Maalim Omari alionja maji mbele ya watu wote. Akatawadha.

Nilijua tumepona.

Baada ya sala wazee wakakaa. Maalim akasema, "Mbwana, leo umeyaangalia maji uzuri. Yaliyopita yamepita. Endelea na kazi yako."

Wakuu, hapo ilikuwa basi! Baba alitakiwa aseme "ahsanteni" tu, tukale wali wetu.

Baba akasema, "Maalim, mimi sioni."

Akaendelea kabla hawajamjibu:

"Nina mwaka sioni. Nimewaficha. Leo sikuyaangalia maji mimi, yameangaliwa na sanduku la mwanangu. Nimesali nyuma yako na neno hili kifuani, siwezi kusali tena nalo."

Nilimkasirikia baba, naapa. Kazi yangu yote ya wiki ile ilikuwa kuficha jambo hilo!

Mzee mmoja akauliza, kwa ukali, sanduku lenyewe linafanya nini hasa, ni uchawi au ni nini. Nikafungua mdomo nijibu kwa maneno yangu ya vali na relei. Baba akaninyamazisha kwa mkono.

"Chatazama," akasema. "Chajua. Chatenda. Kisha chatazama tena. Hilo la mwisho ndilo lililonishinda mimi. Nalikuwa natenda, sitazami tena."

Nimesoma vitabu vingi tangu siku hiyo, vingine vya maprofesa. Sijapata maana ya saibanetiki iliyoipita hiyo.

"Na kikiharibika?" Maalim akauliza.

"Sauti yake naijua. Kikibadilika nitakwambia."

Maalim Omari akawageukia wenzake.

"Mtu aliyekuja kuniambia haoni, nisipomwuliza," akasema, "huyo ndiye nitakayemwamini akiniambia maji ni safi. Mbwana, kaa. Chumba chako, kazi yako."

Nililia mbele za watu na sikuona haya.

Baba alikaa chumba kile miaka kumi na mmoja zaidi, kipofu anayejulikana na kila mtu kuwa kipofu, na maji hayakuharibika. Jeneza lake lilitokea mlango uleule.

Sasa funzo langu, lichukueni au liacheni.

La ufundi: mkitaka kujua kama kitu ni saibatroniki, kiulizeni swali moja. Kikishatenda, kinatazama tena? Taa inayozimwa na saa haitazami, inahesabu tu. Friji inayohisi joto kwa kichipu, ikawaka, ikahisi tena, hiyo ndiyo. Litumieni neno mahali pake, msilibandike kwenye kila kitu chenye waya.

La maisha: mficha maradhi kifo humuumbua. Mimi nilitengeneza mashine ya kuficha, baba akaifanya mashine ya kusema kweli. Najivunia sanduku langu mpaka kesho, lakini kwa babangu nimenyoosha mikono.

Uwanja ni wenu, wakuu. Mwenye kifaa alichokiunda mwenyewe kikamtatiza, alete habari yake tucheke pamoja. Mwenye kuona maana yangu ya neno ina kasoro, abishe, nina kidole kimoja na muda mwingi. Ila kuhusu yule mzee, sibishani na mtu.