Jina Kwenye Barafu ya Roketi

Faina alipika supu ya kabichi miaka thelathini na minane katika kantini ya jeshi la anga za juu, huku kwetu msituni, kaskazini. Mimi nilikuwa namenya viazi pembeni yake, kwa hiyo msinibishie.

Mchumba wake, Luteni Rodion, alikuwa akijaza roketi mafuta. Mafuta yale ni baridi mno, na roketi huota barafu ubavuni. Kila mara Rodion aliandika hapo kwa kidole: FAINA. Siku moja, kwa haraka, akasahau. Roketi ililipuka, naye akafa palepale.

Tangu hapo hakuna roketi iliyoondoka bila jina hilo. Na hakuna mwanajeshi aliyethubutu kumposa Faina. Mmoja tu, fundi wa rada, alijaribu, kamanda akamfokea: "Una wazimu? Ukimchukua wewe, roketi zetu zitalindwa na nani?" Wajinga wakubwa! Faina akazeeka peke yake.

Juzi mimi na Faina tulikuwa kwenye foleni ya mkate. Mbele yetu maluteni wawili wachanga wakitaniana.

"Leo zamu yako kuandika Faina. Usije ukatuua!"

"Kwani huyo Faina alikuwa nani?"

"Si mtu, bwana. Ni jina tu la bahati."

Nilifungua mdomo niwatukane. Faina akanishika mkono.

"Waache, shoga yangu," akaninong'oneza. "Wakijua ni mtu, watafanyaje nikifa?"