Bati, Mchangamshaji wa Vyama Viwili

Mara ya kwanza Bati alikuja kwa Mama Spika kununua. Alisimama mlangoni mwa karakana, kati ya majenereta na vipaza sauti vilivyopangwa hadi darini, akaulizia spika moja kuukuu.

"Dada, kwa bei hiyo unauza spika au unauza nyumba?"

"Nauza chuma, kaka. Maneno nakupa bure."

"Maneno ninayo yangu!"

Sauti ile iligonga paa la mabati, mafundi wote wakageuka. Mama Spika akaona mtu huyu hafai kuuziwa spika, maana spika ni yeye. Kabla jua halijashuka alikuwa amemwajiri, na jina la Bati limeshamganda.

Zamani Bati alikuwa msimamizi wa zamu katika kiwanda cha nguo. Kiwanda kilijengwa na Mzinga, chama kilicholeta uhuru, kwa imani kwamba mali kubwa ya nchi iwe ya wote. Miaka ikapita, Mzinga huo huo ukakiuza. Mizani, chama cha pili, kiliasisiwa na wakulima na wachuuzi waliochoka kulazimishwa kuuza mazao kwa ushirika tu, upende usipende. Wao walisema kila mtu apime chake, amuuzie amtakaye.

Mama Spika alivikodisha vyama vyote viwili mitambo ya mikutano, na kazi ya Bati ilikuwa kuchangamsha umati kabla wakubwa hawajafika, kwa kusimulia historia ya chama chenye mkutano. Leo Mzinga, kesho Mizani. Vita vya panzi, furaha ya kunguru, na kunguru huyu alikuwa na jenereta.

Mwaka ule Mizani walimwahidi Mama Spika kampeni nzima, mkutano wa ufunguzi ukienda vizuri. Mgombea akachelewa. Historia ya Mizani ni fupi, na Bati aliimaliza, akairudia, akaimaliza tena. Mchangamshaji huogopa kimya kuliko mawe. Akarudi nyuma, kabla Mizani haijazaliwa, akaanza kuwasifu waliopigania uhuru.

"Shuka, nyuki wewe!" vijana wakapiga kelele, kwa jina la kejeli la watu wa Mzinga.

Mratibu wa mkutano akaja mbio kwenye mitambo. "Mama, zima! Usipozima sasa hivi, kampeni isahau!"

Mama Spika akaweka kidole kwenye swichi. Jukwaani Bati alikuwa anacheka.

"Mnanizomea? Haya, ambaye baba yake hakuwahi kuwa Mzinga anyooshe mkono!"

Hakuna aliyenyoosha. Mtu akacheka, kisha safu nzima.

"Basi tusikilizane, ndugu zangu. Mzinga walitusomesha bure. Tulipojua kusoma, tukasoma na walichokuwa wanaficha. Kiwanda waliniambia ni changu, lakini siku ya kukiuza hakuna aliyeniuliza. Mizani ni mtoto aliyegombana na mzazi, hakuokotwa jalalani. Na nyie wa Mizani, mkishika nchi, mtakumbuka kutuuliza?"

"Mwacheni aseme!" bibi mmoja akafoka mbele kabisa.

Uwanja ukatulia. Mama Spika aliujua utulivu ule, hata wakubwa hawakuwahi kuupata. Akaondoa kidole.

"Zima wewe," akamwambia mratibu. "Halafu uwaeleze watu wote hawa kwa mdomo mtupu."

Mratibu akaondoka.

Mizani wakachukua mitambo ya mwingine. Mzinga nao walisikia Bati alivyotaja waliyoficha na kiwanda walichouza, wakaacha kumkodi Mama Spika.

"Umeniunguza, Bati."

"Swichi ilikuwa mkononi mwa nani, dada?"

Mama Spika akaendelea kukunja nyaya zake. Lakini kabla ya wiki kwisha, viongozi wa wachuuzi wa soko kuu walifika karakana. Walimtaka Bati awaeleze wanachama wao kila chama kimetoka wapi, kinaamini nini, na kimegeuka wapi.

"Naja," Bati akasema, "ila asiwepo wa kunikatiza."

"Na mimi," Mama Spika akadakia, "nataka masoko yote ya mji. Kwa soko moja tu siweki hata waya."

Wakavutana hadi chai ikapoa, wakakubaliana.

Mama Spika alipoteza vyama viwili vinavyomkumbuka wakati wa uchaguzi, akapata masoko yanayofunguliwa kila asubuhi. Bati hakukanyaga tena jukwaa la wakubwa, wala hakualikwa kwenye hema lao. Alidai ubia, akambana Mama Spika bila huruma, akaupata.

Vyama vilibaki na wachangamshaji wengine, wanaopiga kelele vizuri sana.