Mkanda Tulioufua Umbilo

Nikisikia harufu ya siki, hata mtu akiandaa kachumbari tu, mikono yangu hutaka kujificha. Msinicheke. Ngojeni niwaambie.

Mwishoni mwa miaka ya tisini mama yangu alifanya kazi za ndani kwa bibi mmoja mzee kutoka Denmaki, kwenye fleti za Umbilo, mjini Durban. Tulimwita Madame, maana yeye na mama walielewana kwa Kifaransa cha kuungaunga. Mama, mtu wa Bukavu kule Kongo, Kiingereza kilikuwa kinampiga chenga. Shule zikifungwa alinichukua kazini.

Madame alipenda kunisimulia habari za marehemu mama yake, aliyekuwa mwigizaji kwao enzi za sinema zisizo na sauti. Aliigiza wanawake wanaokunywa sumu, akaigiza mpanda farasi wa sarakasi; watu walipanga foleni mvuani wamwone akilia. Kisha sinema zikaanza kusema, na sauti yake, maskini, ilikuwa ya kukwaruza. Hakuitwa tena. Akaolewa na fundi wa meli, akaishia Durban akishona mapazia ya watu. Huko kwao filamu zake ziliyeyushwa ili kutoa madini ya fedha yaliyomo. Ulibaki mkanda mmoja, ndani ya kopo la bati, chini ya kitanda cha Madame.

"Jumamosi mtu atakuja na mashine," aliniambia, akicheka kama msichana. "Nitamwona mama akitembea."

Ijumaa alikwenda kliniki. Mama akafagia chini ya kitanda, akafungua kopo, harufu kali kama ya siki ikamrukia, akaruka nyuma.

"Yesu wangu! Kitu hii iko inanuka! Kesho wageni wanakuja, watasema mimi niko mchafu."

Kwetu kinachonuka hufuliwa na kuanikwa. Hata godoro halisalimiki. Mama hakujua kopo lile lina nini. Mimi nilijua. Na mimi, kimbelembele wa kutupwa, ndiye niliyechemsha maji, nikiamini sura ya yule mwigizaji itang'aa.

Nilisugua kwa vidole. Maji yakawa meusi.

"Ona uchafu!" mama akasema. Nikaongeza sabuni.

Madame aliporudi alikuta mkanda umeanikwa kwenye kamba, mwangavu, hauna kitu. Akainua kipande juani, akainua kingine.

"Yuko wapi?" akaniuliza.

Nikamwonyesha tundu la sinki. Akakaa sakafuni na kofia yake kichwani. Laiti angetupiga.

Mama alilia njia nzima mpaka Sydenham, tulikopanga chumba. Nilidhani analilia kazi, lakini hata hakufukuzwa. Nimekuja kuelewa majuzi tu, mwanangu aliponiomba picha ya babu yake. Hatuna. Baba aliuawa vitani, nyumba ikaungua na kila picha iliyokuwemo. Mama alijua barabara tulichomfanyia yule bibi. Mimi nimejaribu, wallahi nimejaribu, kuukumbuka uso wa baba. Naona kola ya shati tu.