Siku Nilipomdai Mkwe Jina la Baba Mkwe

Ndugu zangu, aibu hii niliificha hata kwa mke wangu, lakini leo naisema. Miaka ile ya hamsini nilikuwa mwalimu kule Igowole, nami niliazimia kuandika majina ya watoto wa nyanda zetu, kila jina na asili yake na maana yake, wala sikukubali kuandika neno kabla ya kulithibitisha (ndivyo nilivyofunzwa; kiburi nilikiongeza mwenyewe).

Nikaenda Ilomba kwa rafiki yangu Lusekelo, Mnyakyusa, aliyepata mtoto wa kiume. Alikuwa ameniandikia kwamba mtoto ameitwa Ambilikile, jina la babu yake, maana yake "ameniita". Lakini nani ameita, Mungu au mauti? Lusekelo mwenyewe alikuwa kwa katekista, na badala ya kumngoja nikaamua kumwuliza mkewe, aliyeketi uani na mama mkwe wake na majirani. Uamuzi mdogo tu!

"Shemeji, mtoto amepewa jina la nani?"

Akainama. "La mwenye nyumba."

"Mwenye nyumba yupi?"

"Yule... mwenye koti."

"Litamke lenyewe, shemeji! Siwezi kuandika koti."

Majirani wakakohoa. Nikadhani ni haya za mzazi mpya (mimi, Mhehe niliyesoma sana!), nikashikilia, na nilipoona hasemi nikapaza sauti: "Mzee Ambilikile, njoo utusaidie!"

Mzee akatokea nyuma ya ghala la mahindi. Kumwona tu, shemeji akajifunika kanga usoni, akaniwekea mtoto mapajani, akakimbilia migombani. Mzee naye akageuka mbio kuelekea barabarani, na mtoto akalia kwa njaa, kisha akanilowesha suruali.

"We mwalimu," akasema bibi, "umenifukuzia mume na mkwe kwa swali moja! Haya, nyonyesha."

Ndipo akanieleza kwamba kwao mke wa mwana haonani na baba mkwe wala halitaji jina lake. Angelitamka, angerudishwa kwao mpaka ndugu zake walete ng'ombe wa kuomba radhi. Nami nilimsukumia huko kwa ajili ya mstari mmoja wa daftari!

Shemeji aliporudi nilimwomba radhi mara tatu.

"Yameisha, shemeji," akasema. "Ila wa pili akizaliwa, usije kabla hajabatizwa, apate jina ninaloweza kulitaja."

Kazi ya majina sikuiacha, wala siiachi. Lakini sasa, kabla ya kuuliza maana ya jina, huuliza ni nani haruhusiwi kulitaja, na mwanamke akiinama kimya, nami hufunga kalamu.