Mwezi Niliomchunga Baba

Harufu ya mbao mbichi hunirudisha Kibugu nipende nisipende. Nikipita karibu na karakana ya seremala hapa Embu mjini, hata nikiwa na haraka zangu, mikono huanza kutafuta mahali pa kujificha. Najua wengine huipenda harufu hiyo, huwakumbusha vitanda vipya na arusi. Mimi hunikumbusha mwaka nilipokuwa na umri wa miaka kumi na miwili, kanisa letu lilipojengwa ukingoni mwa msitu wa mlima, nikawa na hakika kwamba baba yangu atakufa na kwamba ni mimi peke yangu, kati ya watoto wote wa nyumba ile, ninayejua sababu.

Hiyo ilikuwa miaka michache baada ya uhuru. Sisi Walutheri wa huko juu hatukuwa usharika. Tulikuwa mtaa tu, tawi dogo la usharika wa Manyatta, na ibada tuliifanyia katika darasa la shule ambalo madirisha yake hayakuwa na vioo. Mchungaji alitufikia mara moja kwa mwezi kwa pikipiki, matope yakiwa yamempanda mpaka kwenye nyusi. Kubatiza mtoto au kufunga ndoa ilibidi tushuke Manyatta, na wakati wa mvua maharusi walifika kanisani wameshika viatu mkononi. Mmisionari wa Kinorwei aliyewafundisha wazee wetu zamani aliwaachia kalenda yenye picha ya kanisa la kwao, la mbao, jeupe, dogo, lililosimama kando ya maji huku nyuma yake mlima una theluji. Aliwaeleza kwamba kwao pia sharika hugawanywa kwa mabonde, na bonde hupata kanisa lake hata kama watu wake ni wachache. Wazee waliishikilia habari hiyo kwa mikono miwili. Mabonde tunayo, walisema, na theluji tunayo mlimani, sasa tumekosa nini? Barua zikaenda jimboni, zikarudi, zikaenda tena, mpaka ikakubaliwa kwamba tukijenga kanisa la kudumu, kijito kilichopita bondeni kitakuwa mpaka na upande wetu utakuwa usharika.

Baba, mzee wa kanisa aliyeitwa Nyaga, ndiye aliyesimamia ujenzi. Kiwanja kilitolewa na babu, baba yake, mtu ambaye hakubatizwa mpaka alipozikwa na wala hakuona haya kwa hilo. Alipobembelezwa aingie darasa la ubatizo alikuwa akicheka na kuuliza, basi nani atabaki wa kuongea na wale wa zamani? Kiwanja kilikuwa kizuri, tambarare, kimetazama machweo, ila katikati yake ulisimama mti wa mugumo, mnene, usioweza kuzungukwa kwa mikono ya watu wanne. Mababu walipofyeka msitu kupata mashamba waliuacha mti ule makusudi, na iliaminika kuwa roho, wenyeji wa miti yote iliyokatwa, walikusanyika ndani yake. Mti wa namna hiyo haukatwi hivi hivi. Mafundi wetu walikuwa Wakristo waliobatizwa wote, na kwa siku tatu walifika asubuhi, wakanoa mashoka yao, wakanywa uji wa mama, wakanoa tena, wakaenda nyumbani. Mmoja alisema mgongo unamuuma, mwingine shoka lake limelegea mpini. Hakuna aliyetaja mti. Baba alikuwa akiwatazama, na mimi nilidhani amekasirika.

Siku ya nne niliamshwa mapema nikateke maji. Ukungu ulikuwa mzito, ule wa Julai unaolowesha nyusi, na nilikuwa nimeshika debe langu nikipita nyuma ya migomba niliposikia sauti ya babu. Nilisimama. Babu alikuwa chini ya mugumo na kibuyu cha pombe ya asali, akimimina kidogo kidogo kwenye mizizi. Kando yake alisimama baba, amevaa koti lake la kanisani, kichwa wazi. Fimbo ndefu ya kuwabebea wale wenyeji ilikuwa imeegemezwa kwenye shina. Babu alizungumza na mti kwa upole, jinsi mtu anavyozungumza na mgeni aliyekaa muda mrefu.

"Msikasirike," alisema. "Hawa watoto wanajitenga na Manyatta wakae hapa, nao wameandikiwa barua. Ninyi hamkuandikiwa. Ndiyo maana nimekuja mwenyewe. Kule chini mtoni kuna mti mwingine, mzuri, una kivuli. Twendeni." Kisha akamwambia baba, "Beba. Na usigeuke nyuma."

Baba akaichukua ile fimbo kwa mikono miwili, akaanza kushuka bondeni taratibu, babu akimfuata na kibuyu. Huyo ndiye baba aliyesoma somo Jumapili iliyopita. Huyo ndiye aliyempeleka jirani yetu benchi la nyuma, benchi la waliotengwa wasioruhusiwa Meza ya Bwana, kwa sababu alimwita mganga mke wake alipougua. Nililiacha debe palepale kwenye migomba nikakimbia mpaka jikoni, nikajifanya napuliza moto, na moshi ukanisaidia kueleza machozi. Baadaye nililikuta debe mlangoni, limejaa maji. Niliogopa kuuliza nani amelileta, nikajiambia ni mama. Saa nne asubuhi hiyo hiyo mafundi walifika, na kabla ya uji kuiva mugumo ulikuwa unalia kwa mashoka. Migongo ilikuwa imepona.

Kanisa lilijengwa upesi, na siku ya kulifungua ndiyo ilipangwa kuwa siku yetu ya kipaimara. Hapo ndipo hofu yangu ilipopata sura. Mwanafunzi wa kipaimara, kabla ya kukubaliwa, alihojiwa na mchungaji mbele ya wazee. Swali moja tulilijua sote, maana waliotutangulia walitusimulia: nyumbani kwenu kuna mambo ya kale yanayofanywa? Mchungaji wetu hakuwa mtu mbaya. Alikuwa na kicheko kizuri na alipenda viazi vya mama. Lakini darasani alitufundisha kwamba anayeikaribia Meza akiwa na uongo moyoni hatamaliza mwezi, na alituhadithia habari za seremala mmoja huko chini aliyekula mkate ule huku akificha jambo, akaanguka kabla ya kufika barabarani. Alitaja hata rangi ya shati alilovaa. Mimi niliamini kila neno. Usiku nilihesabu vidole vyangu nikijaribu kupata njia: nikisema kweli, baba anakwenda benchi la nyuma, kanisa linaitwa najisi, na sisi tunarudi kuwa mtaa wa Manyatta. Nikidanganya, nakufa. Hakukuwa na kidole cha tatu.

Siku ya mahojiano niliingia ofisi ndogo iliyokuwa bado inanuka mbao. Mchungaji aliketi mezani, na wazee wanne ukutani, baba akiwa wa mwisho, kofia magotini. Nilijibu amri kumi, nikajibu Imani, nikajibu Sala ya Bwana.

"Vizuri sana, Wawira," mchungaji akasema. "Sasa uniambie. Huko kwenu nyumbani kuna mambo ya kale yanafanywa?"

Nilimtazama baba. Alikuwa akiizungusha kofia, polepole, ukingo wake ukipita katikati ya vidole vyake.

"Hapana, mchungaji."

"Hakuna hata kidogo?"

"Hakuna."

Akaandika jina langu. Nilitoka nje nikatapika nyuma ya rundo la maranda ya mbao.

Asubuhi ya kipaimara baba alinipa yai la kuchemsha, mimi peke yangu, mbele ya ndugu zangu waliotoa macho. Kwetu yai lilikuwa la mgonjwa au la mgeni. Nililila nikijua ni la mwisho. Kanisani watu walijaa mpaka nje, mkuu wa jimbo alikuja, jina la usharika mpya likatangazwa, akina mama wakapiga vigelegele, na mimi, katika gauni langu jeupe na sweta juu yake, nilikuwa nikihesabu vidole. Nilipopiga magoti, mkate ukawekwa kiganjani, mwembamba, mweupe, mwepesi. Nikapeleka mkono mdomoni, nikafunga ngumi, nikauingiza kwenye mkono wa sweta. Hakuna aliyeona. Nilikuwa nimepata kidole cha tatu. Nilirudi kwenye benchi nikiwa karibu kucheka, na hapo ndipo nilipoinua macho nikamwona baba amepiga magoti na wazee wenzake. Alifungua kinywa, akala.

Sikuwa nimemfikiria. Siku zote zile nilijiona mimi tu ndiye mwenye uongo, nikasahau kwamba aliyebeba fimbo ni yeye. Nilitaka kupiga kelele. Jioni nilishuka mtoni, nikaufukia mkate wangu kwenye mizizi ya ule mti mwingine, kwa kuwa sikujua pengine pa kuupeleka, nikawaomba wenyeji wake, kama kweli walihamia huko, wasimchukue baba. Halafu nikamwomba Mungu anisamehe kwa kuwaomba wao. Niliomba pande zote mbili za mpaka.

Mwezi uliofuata nilimchunga baba kama mtu anavyochunga maziwa yaliyo motoni. Akikohoa, nilisimama. Akichelewa kutoka kwenye shamba la chai, nilikwenda kumtafuta katikati ya mistari ya miche nikisingizia kuni. Na kana kwamba alitaka kuniua kwa wasiwasi, mwezi ule hakutulia hata siku moja. Alipanda juu ya paa la jikoni akaziba kila tundu. Alijenga upya zizi la mbuzi. Alichimba shimo jipya la choo, akaongeza nguzo kwenye ghala, akamfundisha kaka yangu mkubwa kupogoa chai, akimkaripia akikosea. Mama alisema kanisa limempa nguvu mpya. Mimi nilikuwa nimeshika ngazi kwa mikono miwili, nikitazama nyayo zake juu ya mabati yaliyolowa.

"Wewe Wawira, toka hapo chini," aliniambia. "Nikianguka nitakuangukia."

"Sitoki, Baba."

Akagonga msumari mwingine. Mwezi uliandama, ukajaa, ukaisha, na siku ya mwisho alirudi nyumbani jioni, akanawa miguu, akaomba chakula.

Miaka ilikwenda. Nikawa mwalimu, nikaolewa, nikazeeka nikifundisha watoto wa watu. Ule usharika uliotugharimu barua nyingi sasa umezaa sharika nyingine mbili, na kanisa la mbao limekuwa la mawe lenye vigae na vipaza sauti vinavyosikika mpaka ng'ambo ya mto. Ule mti wa mtoni bado upo. Karatasi za mpaka zimeutaja, kwa hiyo hakuna mwenye ruhusa ya kuugusa, na kila baada ya miaka kadhaa kamati hushuka kuuangalia kama umesimama. Nilipowaona vijana wa kipaimara juzi wakitaniana na mchungaji wao kijana, wakimwuliza maswali ambayo sisi tungemezwa na ardhi kwa kuyauliza, nilifurahi kwa ajili yao. Pia niliwaonea wivu, na wivu huo haujanitoka.

Baba alipokuwa mzee wa kutembea kwa kushikwa mkono, nilikaa naye siku moja uani, mchana, tukichambua maharagwe. Sijui kilichonituma. Nilimweleza habari za mkate.

"Hukuula?" akauliza.

"Sikuula, Baba. Niliogopa."

Alitoa kijiwe katikati ya maharagwe, akakitupa. "Mimi niliula," alisema. "Nilijua ulituona. Nililikuta debe lako kwenye migomba, nikalijaza, nikakungojea unisemee kwa mchungaji. Ukanificha. Mimi mtu mzima nikakaa pale na kofia, nikaacha mtoto wangu adanganye kwa ajili yangu. Basi nikasema, nitakula, Mungu aamue. Lakini mama yako asiachwe chini ya paa linalovuja."

Mwezi mzima yeye juu ya ngazi na mimi chini yake, kila mmoja akikingoja kifo kile kile, na hakuna aliyefungua mdomo. Nilimshika mkono wake wenye maharagwe nikalia mbele yake bila kuona haya, naye akawa ananiambia, basi, basi, mwalimu mzima.

Tulimzika mwaka jana kutoka katika kanisa lile. Siku hizi mkate huwekwa kiganjani vilevile, na hakuna mchungaji anayemhadithia mtoto habari za seremala. Siku ile ya mazishi, zamu yangu ilipofika, nilinyoosha mkono, mkono huu mzee. Safari hii nikala. Nikarudi kwenye benchi, nikaketi karibu na jeneza la baba, nikangoja.